Muuzaji wa kiwanja akikataa salio lako: namna ya kumbana mpaka asaini

Wengi wanaokuja mezani kwetu na matatizo ya viwanja wamedhulumiwa kwa njia tuliyoizoea: wamelipa, wameambiwa wasubiri, muuzaji kazima simu. Kuna kundi la pili ambalo huja limechanganyikiwa zaidi, kwa sababu hela wanayo mkononi na mwenye kudai haitaki. Mkataba upo, awamu za mwanzo zilipokelewa vizuri tu na soda ikanunuliwa, sasa unapeleka salio unaambiwa, "Njoo uchukue hela yako, siuzi tena."

Mimi ni msaidizi wa kisheria, si wakili. Kazi yangu ni kumkalisha mtu, kusoma karatasi zake, kumwandikia barua na kumwambia aende wapi kabla hajamaliza nauli. Ninayoandika hapa ni ya Tanzania Bara. Zanzibar wana sheria zao za ardhi na mahakama zao. Nitakaa sana kwenye siku ya kupeleka salio, kwa sababu kesi hizi huamuliwa hapo, kabla baraza lolote la ardhi halijaziona.

Sababu ya kukataa huwa moja, hata ikivaa nguo nyingi. Bei imepanda. Barabara imechongwa, nguzo za umeme zimefika, kuna mtu kapita na gari akataja mara mbili ya bei yako, na watoto wamemwambia mzee kwamba kaibiwa. Utaambiwa mengine: mke hakushirikishwa, ulichelewa, eneo ni la ukoo. Mengine katika hayo yana uzito kisheria na nitayarudia. Ila kupanda kwa bei peke yake hakumpi muuzaji ruhusa ya kujitoa kwenye mkataba alioutia saini.

Kwanza kabisa: usipokee hela inayorudishwa

Hapa ndipo watu wengi hujimaliza. Muuzaji anakuita, anakuwekea mezani awamu zako zote, pengine na laki tano ya "usumbufu", na karatasi ya kusaini kwamba mmemalizana. Ukisaini, mkataba umevunjwa kwa ridhaa yenu wote wawili, na hakuna wakili atakayekusaidia baada ya hapo.

Siku hizi wajanja zaidi hawakuiti. Wanakurushia hela kwenye simu usiku, asubuhi wanasema umeshapokea. Ikitokea, jibu siku hiyohiyo kwa maandishi, hata kwa ujumbe wa simu: "Nimeona umenitumia fedha za kiwanja. Sijaomba marejesho na siyakubali. Mkataba wetu uko palepale na salio lako lipo tayari." Mrudishie kwa njia ileile aliyotumia na utunze ujumbe wa muamala. Akikataa au namba ikiwa imefungwa, ziache zilipo bila kuzigusa na umwandikie kwamba unamtunzia. Ukinunua nazo mabati, umekubali.

Soma mkataba kama adui yako atakavyousoma

Sheria ya Ardhi, Sura ya 113, inataka mkataba wa kuuza haki ya kumiliki ardhi uwe wa maandishi, au angalau kuwe na maandishi yanayouthibitisha, yenye saini ya yule unayetaka kumbana. Kama mliuziana kwa maneno na mashahidi wa midomo, una kazi ngumu, na ni bora uende kwa wakili moja kwa moja.

Kama karatasi ipo, angalia salio lilitakiwa kulipwa lini, wapi na kwa njia gani. Angalia kama limeandikwa jina la mwenza wa muuzaji na kama alisaini. Angalia eneo limeelezwaje: namba ya kiwanja na kitalu kama limepimwa, au majirani wa pande zote nne kama halijapimwa. Maombi yanayotaja "kiwanja kilichopo mtaa fulani" bila maelezo ya kukitambua yamewahi kutupwa, kwa sababu baraza haliwezi kutoa amri juu ya ardhi ambayo haijulikani inaanzia wapi.

Kisha ushuru wa stempu. Mkataba usiolipiwa ushuru huo unaweza kupingwa usipokelewe kama ushahidi. Tatizo linatibika kwa kulipa ushuru pamoja na adhabu ya kuchelewa, lakini lifanye mapema, usisubiri wakili wa upande wa pili alisimamie wewe ukiwa kizimbani.

Siku ya kupeleka salio

Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, kifungu cha 38, inakulinda kwa namna ambayo wanunuzi wengi hawaijui. Ukiwa umejitokeza kutimiza ahadi yako na mwenzako akakataa kupokea, wewe huhesabiwi kuwa umevunja mkataba na haki zako chini ya mkataba hazipotei. Ila kujitokeza huko kuna masharti. Kuwe kwa wakati na mahali panapostahili. Kuwe kwa kitu chote unachodaiwa. Kusiwe na sharti la nyongeza. Na mwenzako awe na nafasi ya kuona kwamba unaweza, hapo hapo, kulipa.

Simu ya "mzee, hela yako ipo, lini nije?" haitoshi. Naisema hii kila wiki. Simu haina hela ndani yake, na muuzaji atakuja kuapa kwamba ulikuwa unampiga kalenda.

Nikupe mfano wa fundi seremala mmoja ambaye karatasi zake nilizisoma. Bei ilikuwa shilingi milioni 18, kalipa 11, salio 7. Mzee alipoanza kukwepa, yule kijana alitoa hela benki, akaibakiza risiti ya kutolea, akamchukua mjumbe wa shina na jirani mmoja ambaye si ndugu yake, wakaenda nyumbani kwa mzee asubuhi, siku mbili kabla ya tarehe ya mwisho. Hela iliwekwa kwenye stuli barazani, mjumbe akaihesabu kwa sauti. Mzee akaikunja mikono nyuma, hakuigusa. Wakaandika palepale kwenye karatasi ya daftari:

"Leo saa nne asubuhi, nyumbani kwa muuzaji, mnunuzi amefika na shilingi 7,000,000 taslimu ambazo ni salio lote la mkataba wa kiwanja. Fedha zimehesabiwa mbele ya muuzaji na mashahidi. Muuzaji amekataa kuzipokea. Amesema: 'Hiyo bei ilikuwa ya zamani.' Mnunuzi amesema yuko tayari kulipa wakati wowote. Muuzaji ameombwa asaini karatasi hii, amekataa."

Chini yake majina, saini na tarehe. Basi. Hakuna muhuri, hakuna Kiswahili cha mahakamani, na mimi sijaona karatasi ya mawakili inayoizidi. Hilo neno "bei ilikuwa ya zamani" lina thamani kubwa kuliko mzee alivyojua, maana ndani yake amekiri kwamba bei ilikuwepo na waliafikiana. Kwa hiyo ukiwa na mashahidi wako waambie waandike maneno ya muuzaji kama alivyoyatamka, wasiyasafishe.

Vitu vya kujihadhari siku hiyo. Usipeleke pungufu, hata laki moja; "nyingine namalizia Ijumaa" inaharibu yote. Usiongeze sharti ambalo halimo kwenye mkataba, kwa mfano "nakupa ukinisogezea mpaka hadi kwenye mwembe." Kumwomba asaini hati za uhamisho ni sawa kama mkataba unasema atasaini akimaliziwa. Usipeleke kundi la vijana wa mtaani, itageuka kesi ya kutishiwa. Na hela ikishakataliwa, irudishe benki siku hiyohiyo, ili taarifa ya akaunti ionyeshe ilitoka na ikarudi.

Kama muuzaji ni zaidi ya mmoja, tuseme ndugu watatu waliosaini kwa pamoja, sheria inasema ukimjongelea mmoja wao kwa malipo ni kama umewajongelea wote. Bado mimi huwashauri watu wawaandikie wote.

Vipi kama mkataba unataja akaunti ya benki? Hapo uko mahali pazuri zaidi. Weka salio kwenye akaunti hiyo kabla ya tarehe, andika kwenye karatasi ya kuwekea kwamba ni salio la kiwanja, umemaliza. Hana mkono wa kuikataa. Lakini kama mkataba hautaji akaunti, mimi sipendi watu watume salio lote kwenye namba ya simu wanayoikisia ni yake. Fedha inaondoka, kiwanja hakijaja, na mzee anasema laini hiyo anaitumia mjukuu.

Ukimkosa nyumbani, nenda na mashahidi hivyohivyo, andika kwamba hakuwepo na nani alikupokea, kisha rudi tena siku nyingine na uandike tena. Anayekimbia malipo huacha alama, wewe kazi yako ni kuziandika.

Barua

Baada ya hapo, ndani ya siku chache, andika notisi. Watu wanapenda iwe na maneno makali na "hatua kali za kisheria zitachukuliwa dhidi yako". Mimi napenda iwe fupi na imejaa tarehe:

"Rejea mkataba wetu wa tarehe fulani wa kuuziana kiwanja kilichopo mahali fulani, chenye mipaka ifuatayo. Bei ni shilingi 18,000,000. Nimekulipa 11,000,000 na ukasaini kuzipokea. Tarehe fulani nilikuletea salio la 7,000,000 mbele ya mashahidi, ukakataa. Fedha hizo ninazo na nipo tayari kukulipa. Naomba ndani ya siku 14 utaje siku na mahali pa kuzipokea na kusaini hati za uhamisho. Sijakubali kuvunja mkataba wala kurudishiwa fedha. Usipofanya hivyo nitaomba amri ya kukulazimisha kuutekeleza, pamoja na gharama."

Siku 14 ni mazoea ya kazi, muhimu ni muda uwe wa kuridhisha. Barua ipelekwe kwa mkono na asaini nakala. Akigoma, aliyeipeleka aandike nyuma ya nakala lini na wapi alimwachia. Tuma nyingine kwa rejesta ya posta. Picha ya barua kwenye WhatsApp inasaidia pia, hasa akijibu. Akijibu kwa sauti, usifute.

Nakala mpe mwenyekiti wa mtaa au mtendaji wa kijiji. Hii si kumshitaki muuzaji kwa viongozi. Unaweka taarifa kwamba kiwanja hiki kina mkataba, kwa sababu mnunuzi wa pili akija, huanzia ofisi hiyohiyo. Anayenunua huku akijua kuna mtu mbele yake hawezi baadaye kujiita mnunuzi asiye na hatia.

Funga kiwanja kisihame

Ukishaona muuzaji kanogewa na bei mpya, hofu ya kwanza iwe kwamba atauza kwa mwingine wakati wewe unaandika barua. Kama ardhi imesajiliwa na ina hati, nenda kwa Msajili wa Hati ukaweke kaveati, yaani pingamizi la usajili, chini ya Sheria ya Usajili wa Ardhi, Sura ya 334. Unaandika maslahi yako ni yapi, unaambatisha mkataba, na kuanzia hapo uhamisho unaopingana na maslahi yako hausajiliwi bila wewe kuridhia au bila amri. Ni hatua ndogo na watu wengi hawaijui.

Ardhi isiyosajiliwa haina rejesta ya kuwekea kaveati. Kwa hiyo unategemea ile barua ya serikali ya mtaa au kijiji, majirani kujua, na zuio la baraza. Kama mkataba ulikuruhusu kuingia na umeshaingia, baki humo. Endelea kulima, tunza alama za mipaka, usihame kwa sababu umetukanwa. Kama bado hujakabidhiwa, usivunje kufuli usiku. Utapewa kesi ya jinai na muuzaji atageuka mlalamikaji.

Polisi nao watu hukimbilia haraka. Muuzaji kukataa hela yako si jinai. Ikiwa ameuza eneo lilelile kwa watu wawili akala hela za wote, hapo polisi wana la kufanya. Mkuu wa wilaya anaweza kuwaita na kuwasuluhisha, na wakati mwingine mzee husaini kwa heshima ya ofisi, lakini mkuu wa wilaya hatoi hukumu ya mkataba. Nimeona watu wamemaliza muda mrefu kwenye mabenchi ya ofisi hizo huku msingi ukimwagwa kwenye kiwanja chao.

Baraza la Kata, kisha la Wilaya

Baraza la Kata siku hizi halihukumu kesi za ardhi. Tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 kazi yake ni kusuluhisha tu. Lakini huwezi kuliruka ukaenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya: huko watataka uthibitisho kwamba Kata walijaribu wakashindwa. Kata wana siku 30. Wakishindwa kuwapatanisha ndani ya muda huo unaweza kuendelea mbele. Omba cheti chao kwa maandishi, na kisomeke kwamba usuluhishi umeshindikana. Wapo wanaoandika "tumeamua kiwanja ni cha fulani", na karatasi hiyo haina mamlaka.

Wakili haruhusiwi kusimama kama wakili kwenye Baraza la Kata, kwa hiyo jieleze mwenyewe. Nenda na mkataba, karatasi ya mashahidi na taarifa ya akaunti. Usikatae usuluhishi kwa kiburi. Wakati mwingine mzee anataka kuongezewa kidogo ili asionekane mjinga mbele ya wanawe, na ukipiga hesabu ya miaka ya kesi, nauli na wakili, milioni moja ya nyongeza inaweza kuwa nafuu. Sikushauri wala sikukatazi. Ila mkikubaliana, yaandikwe, yasainiwe, na uhamisho ufanyike wiki hiyo. Na nyongeza yoyote isitolewe kabla ya saini.

Baraza la Wilaya lina kikomo cha thamani: kwa shauri la kurudisha umiliki wa ardhi ni shilingi milioni 300, kwa mashauri mengine ya ardhi yanayopimika kwa fedha ni milioni 200. Zaidi ya hapo ni Mahakama Kuu.

Jambo moja la kiufundi linalowaponza watu: usimshitaki mwenyekiti wa kijiji au halmashauri kwa sababu tu walikuwepo kwenye mauziano. Tangu marekebisho ya mwaka 2020, kuishitaki serikali ya mtaa au kijiji kunahitaji notisi ya siku 90, kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na shauri kwenda Mahakama Kuu. Umeongeza jina moja, kesi yako imehama mji. Mwenyekiti unamhitaji kama shahidi, mwite kama shahidi. Mnunuzi wa pili ndiye wa kuunganisha kama yupo, kwa sababu amri usiyompa nafasi ya kujitetea haitamfunga.

Pamoja na maombi yako makuu, peleka maombi ya zuio la muda kwa hati ya kiapo, na kama kuna ujenzi au mauzo yanaendelea, ambatisha hati ya dharura. Vigezo vinavyotumika ni vya kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya mwaka 1969: kuna hoja ya msingi ya kuamuliwa, utapata hasara isiyofidika kwa fedha, na ukinyimwa zuio utaumia zaidi ya mwenzako akibanwa. Viapo vingi ninavyoviona vinajaza maumivu na kusahau hasara. Sema wazi: tripu za mawe zimeshushwa, picha hizi hapa, mnunuzi mwingine aliletwa siku fulani.

Omba kitu sahihi

Hapa unataka utekelezaji wa mkataba wenyewe. Omba baraza litamke kwamba mkataba ni halali na bado upo. Omba muuzaji aamriwe kupokea salio, kusaini hati za uhamisho na kukabidhi eneo. Omba kwamba akigoma ndani ya muda utakaotajwa, baraza lisaini kwa niaba yake. Omba zuio la kudumu. Kisha, kama mbadala tu, omba marejesho ya fedha zako pamoja na riba na fidia, kwa sababu baraza linaweza kuona utekelezaji hauwezekani. Usiandike mbadala huo kana kwamba ndio shida yako kubwa. Nimesoma maombi yaliyoanza na "nirudishiwe fedha zangu", mtu akashinda, akarudishiwa, na kiwanja kikabaki kwa mzee.

Omba pia kodi inayomhusu muuzaji ikatwe kwenye salio. Kodi ya ongezeko la mtaji ni yake, kwa kawaida asilimia 10 ya faida kwa mkazi, na bila uthibitisho wa TRA uhamisho hausajiliwi. Anayekataa kusaini hatakwenda kulipa kodi ili wewe upate hati.

Na salio usiliguse. Kesi inaweza kuvuka mwaka, na siku ya ushahidi utaulizwa kama hela ipo leo. Mmoja aliingiza salio kwenye bodaboda "izunguke kidogo wakati kesi inaendelea". Bodaboda ilizunguka. Siku alipoulizwa akaunti ilikuwa na laki mbili na wakili wa muuzaji hakuhitaji kuuliza swali jingine. Ukiwa na hofu ya kuitumia, omba ruhusa ya kuiweka chini ya uangalizi wa baraza.

Utetezi atakaokuja nao

*"Mke wangu hakuridhia."* Huu uchukulie kwa uzito. Kama ni mali ya ndoa, sheria inamtaka mnunuzi aulize kuhusu ridhaa ya mwenza, na mwenza ambaye hakuridhia anaweza kuupinga uhamisho. Kama mke alisaini, au alikuwepo mkihesabiana hela, au muuzaji aliapa kwamba hana mwenza, lete ushahidi huo. Kama hakuna hata kimoja, kesi yako ina shimo na wakili aambiwe mapema.

*"Ulichelewa."* Inategemea kama tarehe ilikuwa ya kufa na kupona. Kama mkataba ulisema ikipita tarehe mkataba unakufa, na kweli ulipita, ana hoja. Kama haukusema hivyo, kuchelewa kunampa fidia kwa alichopoteza, hakumpi ruhusa ya kufuta mkataba. Na kama awamu ya pili uliichelewesha akaipokea bila kulalamika, itakuwa vigumu kwake kuigeuza tarehe kuwa msahafu kwenye awamu ya tatu.

*"Mkataba unasema nikivunja nitarudisha na faini, nachagua kulipa faini."* Kifungu cha faini si leseni ya kuvunja, isipokuwa maneno yenyewe yanampa muuzaji uchaguzi huo. Soma kifungu neno kwa neno.

*"Halmashauri ya kijiji haikuidhinisha."* Kwa ardhi ya kijiji hili ndilo linaloua. Mauziano ya ardhi ya kijiji yanahitaji idhini ya halmashauri ya kijiji, na Mahakama ya Rufani imeshasema mauziano bila idhini hiyo ni batili. Muhuri wa mwenyekiti peke yake hautoshi. Tafuta muhtasari wa kikao. Kama hakuna, nguvu zako zielekeze kwenye kurudishiwa fedha, kwa sababu mkataba ukionekana batili, aliyefaidika nao hurudisha alichopokea.

Muuzaji akifariki katikati, mkataba haufi naye. Unasubiri, au unahimiza, msimamizi wa mirathi ateuliwe, na shauri linaendelea dhidi yake. Usikubali kumlipa salio mtoto mkubwa kwa sababu tu ndiye anayeshika funguo.

Ukishashinda

Hukumu haihamishi kiwanja yenyewe. Omba nakala ya hukumu na tuzo, yaani ile amri rasmi inayotokana na hukumu. Mpe muuzaji muda uliotajwa, peleka salio tena kwa mashahidi kama amri inavyosema, au liweke barazani kama umeelekezwa hivyo. Akigoma, fungua maombi ya kukazia hukumu, yaani itekelezwe hata asipotaka. Kwa ardhi yenye hati, unaandaa rasimu ya nyaraka za uhamisho, yaani fomu za ardhi namba 29, 30 na 35, unaziwasilisha, muuzaji anapewa nafasi ya kuzipinga, asipokuwa na pingamizi la maana zinasainiwa kwa niaba yake. Saini hiyo ina nguvu ileile kama angesaini mwenyewe.

Akikata rufaa, peleka macho kwenye jambo moja: rufaa yenyewe haisimamishi utekelezaji, anahitaji amri ya kusimamisha. Muulize wakili wake nakala ya amri hiyo kabla hujarudi nyumbani.

Kwa ardhi isiyo na hati, tuzo ipeleke serikali ya mtaa au kijiji iingie kwenye faili, kabidhiwa eneo mbele ya majirani wa pande zote nne, wasaini, halafu anza kupimisha. Kwa ardhi yenye hati, ile kaveati uliyoiweka mwanzoni iondoe kwa maandishi siku unayopeleka fomu za uhamisho, la sivyo ofisi itakurudisha kwa pingamizi lako mwenyewe.